Nadharia za jamii si joho la kuvaliwa siku moja

MWAKA jana niliketi katika jopo la kutahini tasnifu ya uzamili. Mtahiniwa alikuwa ameandika kuhusu tamthilia ya Mstahiki Meya ya Timothy Arege, na katika sura ya kwanza alieleza, kwa kurasa sita nzima, kwamba uhakiki wake uliongozwa na nadharia ya Umaksi. Waasisi walikuwapo. Mihimili ilikuwapo, imepangwa kwa nambari, wa kwanza hadi wa tano. Hata mwaka aliozaliwa Karl Marx, 1818, haukusahaulika.

Nikafungua sura ya nne, ile ya uchanganuzi wenyewe. Marx hayupo! Kulikuwa na maudhui ya ufisadi, maudhui ya uongozi mbaya, nafasi ya mwanamke, kisha orodha mbili za wahusika: wa tabaka la juu na wa tabaka la chini. Meya yuko juu. Siki, yule daktari wa kliniki isiyo na dawa, yuko chini.

Nikamuuliza swali nililodhani ni jepesi: "Mwanangu, Siki ni daktari. Ana elimu na ana kazi. Meya naye hatumwoni akimiliki kiwanda. Anachokula kinatokana na cheo. Marx angewatenganisha vipi hawa wawili?"

Alinyamaza kidogo, kisha akajibu kwa unyofu ambao sijausahau: "Mwalimu, kusema kweli, nadharia niliiweka kwa sababu kila tasnifu lazima iwe nayo."

Wenzangu walicheka. Mimi sikucheka, kwa sababu binti huyo alikuwa amepitia katika darasa langu la shahada ya kwanza. Ile mihimili mitano niliitambua mara moja. Ilitoka katika maelezo yangu mwenyewe, niliyoyaandika ubaoni miaka kadhaa iliyopita, naye akayanakili neno kwa neno kama alivyotakiwa.

Kwa hivyo makala haya si ya kuwalaumu wanafunzi. Ni ya kujiuliza sisi walimu, wa Kiswahili na hata wa sosholojia, tunawaingizaje vijana wetu katika nadharia za jamii, zile kongwe na zile za kisasa.

Utaratibu wetu unajulikana. Wiki ya pili ya muhula ni Auguste Comte, aliyelieneza neno sosholojia. Wiki ya tatu ni Marx, ya nne Émile Durkheim, ya tano Max Weber. Kila mmoja anapewa mwaka wa kuzaliwa, mwaka wa kufa na orodha ya mihimili. Baadaye, muhula ukiwa umekaribia kuisha, wananadharia wa karne ya 20 wanapitishwa mbio mbio kama abiria wa matatu ya jioni, mmoja akishuka mwingine anapanda. Mtihani unauliza: "Jadili mihimili ya..." Mwanafunzi anakariri, anafaulu, anasahau.

Kinachokosekana ni swali. Hakuna nadharia iliyoanza kwa mihimili. Kila moja ilianza kwa mtu aliyeona jambo likamkosesha usingizi, akauliza: kwa nini liko hivi? Marx aliona viwanda vya Uingereza vikizalisha mali ambayo dunia haikuwahi kuiona, huku wanaoizalisha wakiwa mafukara. Akauliza: ile thamani inayozidi mshahara wa mfanyakazi inakwenda wapi? Juzuu ya kwanza ya kitabu chake Mtaji, iliyotoka 1867, ni jaribio refu la kujibu swali hilo. Durkheim aliona watu wa Ulaya wakiacha vijiji, dini na koo zao, na bado jamii haikusambaratika. Akauliza: ni nini kinachowashikilia pamoja watu wasiofanana tena? Weber naye aliona mamilioni ya watu wakitii amri bila kupigwa. Akauliza: kwa nini mtu anamtii mwenzake na kuona ni haki kumtii?

Ukimpa mwanafunzi jibu bila kumpa swali, umempa dawa bila kumwambia ugonjwa. Ataitia mfukoni tu.

Kuna tatizo la pili, na hili linatuhusu hasa sisi wenye kupenda lugha. Istilahi za Kiswahili tunazozitumia kufundishia nadharia hizi si mifuko mitupu. Zina maana zake za awali, na maana hizo zinaweza kumwongoza mwanafunzi au kumpoteza.

Chukua neno tabaka. Kwa asili ni neno la Kiarabu linalohusu vitu vilivyopandana: tabaka za udongo, tabaka za mawingu. Mwanafunzi akilisikia, papo hapo anaona ngazi, yaani wa juu, wa kati na wa chini. Kwa hivyo anawapanga wahusika kwa kipato kama mtu anayepanga sufuria kabatini. Lakini Marx hakuwa anahesabu pesa zilizo mfukoni mwa mtu. Kwake tabaka ni uhusiano: nani anamiliki ardhi, kiwanda na mitambo, na nani hana cha kuuza ila nguvu zake? Huwezi kulieleza tabaka moja peke yake, kama vile huwezi kumweleza mkopeshaji bila mkopaji. Fundi mwenye karakana yake Gikomba anaweza kupata pesa kidogo kuliko karani wa benki, lakini hawasimami mahali pamoja katika uzalishaji. Neno letu tabaka ni zuri na limekwisha kukita mizizi, silipingi. Ninachosema ni kwamba mwalimu asiyelifafanua amemwachia udongo na mawingu yamfundishe Marx.

Mfano wa pili unachekesha. Katika kitabu chake kuhusu mgawanyo wa kazi cha 1893, Durkheim alitofautisha aina mbili za mshikamano. Wanafunzi wetu wengi huzitafsiri kama mshikamano wa kimashine na mshikamano wa kiasili. Sasa muulize mwanafunzi: upi ni wa kijijini na upi ni wa mji wa viwanda? Atajibu bila kusita kwamba wa kimashine ni wa mjini, maana ndiko kwenye mashine! Kumbe ni kinyume kabisa. Ule unaoitwa wa kimashine ni wa jamii ambazo watu wake wanafanana kwa kazi, imani na desturi. Wanashikana kwa kuwa ni sawasawa, kama chembe za kitu kimoja. Ule mwingine ni wa jamii ambamo kila mtu ana kazi yake, na wanashikana kwa kuwa hakuna anayeweza kuishi bila mwenzake, kama moyo usivyoweza kuishi bila mapafu. Siku hizi darasani nasema mshikamano wa kufanana na mshikamano wa kutegemeana. Sidai kwamba ndizo istilahi rasmi, lakini tangu nianze kuzitumia hakuna aliyenipelekea mashine kijijini.

Pia kuna mahali ambapo Kiswahili kinatusaidia kuliko Kiingereza, nasi hatujui. Weber alipozungumzia mamlaka alitaja aina tatu: ya mapokeo, ya kisheria, na ile inayotokana na kipaji kisicho cha kawaida cha kiongozi mwenyewe. Hii ya tatu tumezoea kuiita ya haiba au ya mvuto. Lakini neno alilolitumia Weber, aliliazima kutoka katika historia ya kanisa, nako lilihusu vipawa vya Roho. Waswahili wanaosoma Biblia wana neno la vipawa hivyo tangu zamani: karama. Mwambie mwanafunzi "mamlaka ya karama", naye ataelewa mara moja kwamba si suala la sura nzuri na suti. Ni wafuasi kuamini kwamba mtu huyu amepewa kitu ambacho wengine hawana. Ataelewa vilevile kwa nini mamlaka hayo huyumba pindi miujiza inapokoma.

Au chukua neno la Kijerumani Beruf, ambalo Weber alilichunguza kwa kina katika utafiti wake wa 1904 na 1905 kuhusu maadili ya Kiprotestanti. Neno hilo hubeba kazi na wito kwa pamoja. Mkenya hahitaji kuelezwa sana. Ni mara ngapi tumesikia kwamba ualimu ni wito, udaktari ni wito? Na husemwa lini? Aghalabu husemwa walimu au madaktari wanapodai mshahara. Wakati wa mgomo wa madaktari uliodumu siku 100, kutoka Desemba 2016 hadi Machi 2017, neno wito lilikuwa na kazi nyingi kuliko daktari yeyote. Mwanafunzi aliyeishi katika mgomo ule yuko nusu ya njia kumfikia Weber. Ni sisi tu ambao hatumwonyeshi nusu iliyobaki.

Basi turudi Cheneo, mji wa Mstahiki Meya, tamthilia ambayo wengi wa wasomaji wa safu hii waliisoma shuleni ilipokuwa ikitahiniwa katika KCSE. Tuseme tumeacha mihimili nyumbani tukabeba maswali matatu tu.

Swali la Marx: ziada inakwenda wapi? Hapa tunagundua jambo ambalo orodha ya juu na chini ililificha. Meya si bepari wa kawaida. Utajiri wake hautoki katika kiwanda bali katika ofisi ya umma. Anachokula ni jasho la wafanyakazi wa baraza pamoja na kodi ya wakazi. Kwa hivyo mhakiki wa Kimaksi ana kazi ya kufanya: aeleze vipi cheo kinageuka kuwa njia ya kujilimbikizia mali katika nchi iliyotoka ukoloni. Hilo ni swali la uzamili hasa, na linahitaji sura nzima.

Swali la Weber: kwa nini Cheneo inamtii mtu huyu kwa muda mrefu hivyo? Si kwa karama, maana hana. Si kwa mapokeo, maana si mfalme. Anatiiwa kwa sababu ameketi katika kiti kinachotambuliwa na sheria. Lakini tazama anavyokitumia kiti hicho: kana kwamba ni mali yake binafsi. Mamlaka yake yamevaa nguo za sheria huku ndani yakienda kwa desturi ya bwana na watwana wake. Hata jina la tamthilia linatukonyeza. Neno mstahiki ni heshima inayostahiki ofisi, naye ameichukua kama inayomstahiki yeye.

Swali la Durkheim: Cheneo inashikiliwa na nini? Inashikiliwa na kutegemeana, na hilo linaonekana wafanyakazi wanapogoma. Katika mji wowote, mzoa taka akiweka chini koleo lake, uvundo haubagui pua ya tajiri na ya maskini. Mgomo unafundisha kwa siku chache kile ambacho kiongozi alikataa kukijifunza kwa miaka: kwamba naye ni kiungo tu.

Ona pia kwamba majibu hayo matatu hayafanani. Swali la Marx linatupeleka kwenye mali, la Weber kwenye cheo, la Durkheim kwenye fungamano. Mwanafunzi anayeyaona yakishindana juu ya mhusika mmoja anaanza kuelewa kwamba nadharia ni mjadala, nao haujaisha.

Baada ya hapo nadharia za kisasa hazihitaji kukimbizwa. Erving Goffman aliishi katika kisiwa kimoja cha Shetland, kaskazini mwa Scotland, akawatazama wahudumu wa hoteli jinsi walivyokuwa watu wa namna moja jikoni na wa namna nyingine mbele ya wageni. Katika kitabu chake cha 1956 alisema maisha ya kila siku yana jukwaa la mbele na la nyuma. Sasa fikiria Meya anayehangaika kuwapokea wageni huku kliniki haina dawa. Mwandishi ametupa mchezo ndani ya mchezo, na Goffman anatupa jina la tunachokiona. Au mchukue Pierre Bourdieu, aliyeanza utafiti wake Algeria wakati wa vita vya uhuru. Alitufundisha kwamba lugha ni mtaji, na thamani ya maneno inategemea soko yanamosemewa. Kijana wa Eastlands anayebadilisha Sheng, Kiswahili na Kiingereza kati ya nyumbani, barabarani na chumba cha mahojiano ya kazi anaijua bei ya kila lugha kuliko profesa. Anachokosa ni kuambiwa kwamba anachokijua ni nadharia.

Jambo la tatu ninalolikosoa ni orodha yenyewe. Ukiangalia maelezo yangu ya zamani, jamii ilianza kufikiriwa Paris, London na Berlin. Ibn Khaldun, aliyezaliwa Tunis 1332, aliandika Muqaddimah yake mnamo 1377, akaeleza kwa dhana ya asabiya jinsi fungamano la kundi linavyoleta utawala na jinsi anasa inavyolilegeza. Hilo ni swali la Durkheim, zaidi ya miaka 500 kabla ya Durkheim. W. E. B. Du Bois alipita nyumba kwa nyumba katika mtaa wa watu weusi wa Philadelphia na kuchapisha matokeo yake 1899. Archie Mafeje wa Afrika Kusini aliandika makala 1971 kuonyesha kwamba ukabila ni itikadi, na kwamba wasomi waliolieneza neno hilo walificha mengi ya kisiasa na kiuchumi nyuma yake. Mkenya amalizeje chuo kikuu bila kukutana na makala hayo? Naye Oyèrónkẹ́ Oyěwùmí wa Nigeria, katika kitabu chake cha 1997, alitumia ushahidi wa lugha ya Kiyoruba, isiyotenga viwakilishi vya kike na vya kiume, kuhoji iwapo jinsia ilipanga jamii ile jinsi wageni walivyodhani. Nasi Waswahili tuna yeye, asiye wa kike wala wa kiume. Je, neno hilo linatueleza chochote kuhusu jamii yetu au halielezi lolote? Nimewahi kulileta swali hilo darasani, na saa mbili hazikutosha.

Najua pingamizi zitakazokuja. Mwenzangu mmoja ameshaniambia: "Wewe unaongea tu. Mimi nina wanafunzi 300 ukumbini, kipaza sauti hakifanyi kazi, na nusu yao hawajawahi kusoma kitabu kizima." Anasema kweli. Isitoshe, maandishi haya ni magumu, na mengi hayana tafsiri ya Kiswahili. Tunayasoma kwa Kiingereza, ambacho nacho ni tafsiri ya Kijerumani au Kifaransa. Pia sikatai kwamba mihimili ina manufaa yake. Mtu anayesafiri anahitaji ramani.

Lakini ramani si safari. Sidai tusome vitabu vizima. Ninachofanya sasa ni kitu kidogo. Kwanza naleta jambo ambalo wote wamelishuhudia: chama cha akina mama, kamati ya mazishi, foleni ya huduma serikalini. Tunaliuliza maswali hadi tukwame. Kisha naleta ukurasa mmoja, mmoja tu, wa mwananadharia mwenyewe, na kila kundi linautafsiri kwa Kiswahili. Kwenye tafsiri hakuna pa kujificha. Aliyekariri huandika maneno yasiyoshikana. Aliyeelewa hupata neno, hata kama ni la kuazima. Mwisho kabisa, tukiwa tumechoka, ndipo naandika jina la nadharia ubaoni. Silabasi haimaliziki kwa njia hii. Nilipokuwa naimaliza, nilivuna zile kurasa sita.

Yule binti alipewa miezi mitatu ya kusahihisha. Alikuja ofisini mara moja, akiwa na hasira kidogo, akaniuliza kwa nini hatukumwambia haya tangu mwaka wa kwanza. Sikuwa na jibu la kumpa, nikaomba radhi. Tasnifu iliporudi, kurasa sita za Umaksi zilikuwa zimebaki mbili, na mihimili mitano imebaki mmoja. Sura ya nne ilikuwa imeandikwa upya, ikiwa na mada moja tu: namna cheo kinavyogeuka kuwa mali. Kuna mahali nilipotofautiana naye, hasa alipomweka Siki upande wa wafanyakazi bila kueleza kwa nini msomi achague upande huo. Nikaandika pambizoni, "Una hakika?"

Alinijibu kwa barua pepe siku iliyofuata, kwa hoja nne. Mbili kati yazo bado nazifikiria.